Je, Wajua? Saksafoni, nanga na dikteta wa ng'ambo ya Kagera

Ukisimama Murongo, wilayani Kyerwa, na kutazama ng'ambo ya Mto Kagera, mji unaouona ni Kikagati, Uganda. Kyerwa ilimegwa kutoka Karagwe mwaka 2012, lakini ujirani wa pande hizi mbili una umri mkubwa kuliko wilaya na kuliko mpaka wenyewe. Kinyambo na Kinyankole vinasikilizana. Ng'ombe wamevuka, kahawa imevuka, mabibi harusi wamevuka. Na kuanzia Januari 25, 1971 hadi Aprili 11, 1979, ng'ambo hiyo ilitawaliwa na Idi Amin.

Habari za vita vya Kagera zimesimuliwa sana, na ni haki yake. Habari za wanamuziki wa miaka ile zimesimuliwa kidogo mno: nani alimpigia mtawala, nani alifunga virago usiku, nani alilipa kwa roho yake. Tumekusanya baadhi, na tumezichanganya na za nchi nyingine zilizopitia mkono kama ule.

Je, wajua kwamba Idi Amin alikuwa mpiga kodiani?

Alipiga kodiani, kile kinanda cha kukunja na kukunjua kifuani. Mwaka 1974 mwongozaji filamu Barbet Schroeder alitoa filamu kuhusu Amin, na baadhi ya muziki unaosikika humo umepigwa na Amin mwenyewe. Filamu ilipotoka hakupendezwa na vipande fulani. Aliagiza vikatwe, na ili asikilizwe aliwakusanya raia wa Ufaransa waliokuwa Kampala na kuwaweka hotelini mpaka mwongozaji akubali. Dakika chache zilikatwa, zikarudishwa baada ya utawala wake kuanguka.

Jeshi lake nalo lilikuwa na muziki wake. Kikosi cha Masaka kilichoitwa Suicide kilikuwa na bendi ya dansi yenye neno Jazz katika jina: Suicide Revolutionary Jazz Band. Kwa hiyo tusidhani kwamba jazi, kwa asili yake tu, husimama upande wa wanyonge. Tarumbeta humtumikia anayelishika, au anayemlipa anayelishika.

Je, wajua kwamba mchezo wa nyimbo ulimgharimu Byron Kawadwa maisha yake?

Huyu ndiye mtu ambaye kila Mtanzania wa mpakani angepaswa kulijua jina lake. Byron Kawadwa alikuwa mwandishi na mwongozaji wa michezo ya kuigiza, na aliongoza Jumba la Taifa la Maonyesho la Kampala. Kazi yake iliyopendwa kuliko zote ni Oluyimba lwa Wankoko, mchezo wa Kiganda uliosheheni nyimbo, ambao muziki wake ulitungwa na Wassanyi Serukenya. Ni hadithi ya mtu anayejipenyeza kwa hila hadi kwenye kiti cha enzi kisicho chake. Watazamaji wengi waliiona humo habari ya mwaka 1966, Milton Obote, mtangulizi wa Amin, alipomwondoa Mutesa wa Pili, Kabaka (mfalme) wa Buganda. Lakini fumbo zuri lina tabia moja: halifi na mtu aliyesemwa mara ya kwanza. Amin alipokuwa ameketi kwenye kiti alichokitwaa kwa bunduki, hadithi ile ile ilimfaa vilevile.

Mapema mwaka 1977 Uganda ilipeleka wasanii Lagos, Nigeria, kwenye tamasha kubwa la sanaa za Waafrika lililojulikana kama FESTAC 77. Mchezo wa Kawadwa ulikuwa miongoni mwa maonyesho ya Uganda. Yaani serikali yenyewe iliusafirisha ukaiwakilishe nchi mbele ya bara zima. Muda mfupi baada ya kurudi nyumbani, Kawadwa alikamatwa na watu wa usalama, akauawa. Huo ndio msimu ambao Askofu Mkuu Janani Luwum aliuawa, Februari 1977.

Hakushika bunduki. Hakuandika waraka wa kisiasa. Aliwapa watu nyimbo wakaondoka nazo vichwani, na mtawala aliona hilo ni kosa la kutosha.

Je, wajua kwamba Mganda mwingine alikwepa udhibiti wa serikali kwa kuyaondoa maneno kabisa?

Robert Serumaga alikuwa msomi, mwandishi wa riwaya na michezo, na mwasisi wa kundi la Abafumi. Mwaka 1974 alitoa Amayirikiti, mchezo uliobebwa na mwili, ngoma, sauti na miondoko badala ya mazungumzo. Jukwaani watu wanakufa, wengine wanaomboleza, na hakuna sentensi ambayo karani wa serikali angeweza kuipigia mstari mwekundu. Kundi lake lilizunguka Ulaya na kwingineko likishangiliwa.

Serumaga hakuishia jukwaani. Machi 1979 Waganda waliokuwa uhamishoni walipokutana Moshi, hapa hapa Tanzania, kupanga serikali ya baada ya Amin, naye alikuwa miongoni mwao. Yusuf Lule alipoapishwa kuwa rais, Serumaga alipewa wizara ya biashara. Serikali ile ilidumu siku 68 tu, na mwaka uliofuata Serumaga alifariki Nairobi akiwa na umri wa miaka 41.

Je, wajua kwamba baadhi ya muziki uliochezwa Dar es Salaam ulikuwa umekimbia Kampala?

Mwanzoni mwa miaka ya 1970 Kampala ilikuwa kituo kizuri kwa wapiga gitaa kutoka mashariki ya Kongo. Mzee Makassy aliiongoza Orchestra Makassy akiwa huko. Mwaka 1975, hali ya usalama ilipozidi kuharibika, alihamishia bendi Dar es Salaam. Samba Mapangala na wenzake wa Les Kinois nao walikuwa Kampala mwaka huo wa 1975. Mwaka 1977 wakahamia Nairobi. Mwaka 1978 Ramadhani Mtoro Ongala, mzaliwa wa Kindu ambaye tulimjua sote kwa jina la Remmy, alikuja Dar es Salaam kujiunga na Makassy. Yaliyofuata ni historia ya muziki wa Tanzania.

Waliokuwa wanatoka Kongo nao walikuwa wamemwacha nyuma mtawala wao Mobutu, ambaye alitaka nyimbo za kumsifu na hakuwa mvumilivu kwa nyimbo nyingine. Mwanamuziki Franco mwenyewe, pamoja na ukubwa wake wote, aliwekwa ndani mwaka 1978 kwa sababu ya nyimbo zilizoonekana hazina adabu. Mwanamuziki wa ukanda huu alikuwa akihesabu mipaka: huku kuna nani, na kule kuna nani.

Wako pia waliobaki. Afrigo Band iliundwa Kampala mwaka 1975, katikati ya giza lenyewe, na mpuliza saksafoni Moses Matovu ameiongoza kwa miongo mingi tangu wakati huo. Watu hupenda kumpa sifa aliyekimbia au aliyeuawa, na kumwuliza aliyebaki maswali makali. Mimi naona kumfanya mtu acheze Jumamosi usiku katika mji ambao jirani yake alichukuliwa Ijumaa, na kumrudisha nyumbani akiwa bado ni binadamu, ni kazi inayostahili heshima yake.

Je, wajua kwamba vita vya Kagera vilipiganwa pia redioni?

Majeshi ya Amin yaliingia eneo la kaskazini mwa Mto Kagera mwishoni mwa Oktoba 1978, na mapema Novemba Daraja la Kyaka likavunjwa. Makumi ya maelfu ya watu waliyakimbia makazi yao. Mwalimu Nyerere alilihutubia taifa Novemba 2, na kuanzia hapo Radio Tanzania Dar es Salaam ikawa silaha. Bendi za dansi, kwaya na vikundi vya ngoma vilirekodi nyimbo za vita. Sauti ya mtangazaji Ben Kiko akiripoti kutoka mstari wa mbele haijawatoka masikioni watu wa rika lile.

Na mawimbi ya redio hayakaguliwi darajani. Kilichopigwa Dar es Salaam kilisikika Karagwe, na chenye kuvuka kilivuka.

Katikati ya vita hivyo nchi ilipata msiba ambao haukutokana na Amin. Januari 1979 Mbaraka Mwinshehe, mpiga gitaa aliyeipaisha Morogoro Jazz na baadaye Super Volcano, alifariki kwa ajali ya gari karibu na Mombasa, akiwa na miaka 34. Mwezi uliofuata Masaka na Mbarara zilitekwa. Kampala ilianguka Aprili 11.

Je, wajua kwamba Tanzania nayo iliwahi kupiga marufuku muziki?

Ni lazima tuliseme hili, maana mwenye kusema ya jirani aseme na ya kwake. Novemba 1969 wakuu wa Mkoa wa Pwani, ambao wakati huo uliijumuisha Dar es Salaam, walipiga marufuku dansi za muziki wa soul wa Wamarekani Weusi. Hoja ilikuwa kulinda utamaduni wa taifa. Vijana waliokuwa wakizichezea sahani za James Brown waliambiwa huo ni ubeberu, ilhali mwimbaji mwenyewe alikuwa mzao wa watumwa.

Bendi za hapa nyumbani zilikuwa na mlezi, na mlezi huyo kwa kawaida alikuwa dola. Dar es Salaam Jazz ya mwaka 1932 na Morogoro Jazz ya 1944 zilianza kama vyama vya watu. Lakini NUTA Jazz, iliyoanzishwa 1964, ilikuwa ya chama cha wafanyakazi. Vijana Jazz ya 1971 ilikuwa ya umoja wa vijana wa chama tawala. Polisi, Magereza na Jeshi walikuwa na zao. Mwanamuziki alipata mshahara na vyombo, jambo ambalo wenzake wa nchi nyingi wangelitamani. Kwa upande mwingine, studio ilikuwa ya serikali na wimbo ulipitiwa kabla ya kurekodiwa. Tanzania ya wakati ule haikuwa Uganda ya Amin, na kuzilinganisha ni kuwakosea waliouawa Uganda. Hata hivyo watunzi wetu walijifunza kufumba kwa sababu kulikuwa na haja ya kufumba. Mwaka 1990 Remmy Ongala alipoimba waziwazi kuhusu kondomu katika Mambo kwa Soksi, wakati ukimwi ulikuwa unaimaliza Kagera, redio ya taifa ilikataa kuupiga wimbo huo. Marufuku ile, kwa watu wa Kagera, haikuwa jambo dogo.

Je, wajua kwamba mfalme wa benga alikuwa Mtanzania, na Kenya ilimrudisha kwao?

Daniel Owino Misiani alizaliwa mwaka 1940 upande wa Shirati, mkoa wa Mara, ufukweni mwa ziwa lile lile linalopakana na Kagera. Alivuka kwenda Kenya, akaunda Shirati Jazz, na akawa mmoja wa wajenzi wakuu wa benga. Alikuwa bingwa wa hadithi za wanyama: fisi anafanya hivi, nyani wanapigana vile, na msikilizaji anajua ni waheshimiwa gani wanaosemwa. Wakubwa nao walijua. Aliwekwa ndani zaidi ya mara moja na akafukuzwa kurudi Tanzania kama mgeni asiyetakiwa. Alirudi tena Kenya, akaendelea kuimba hadi alipofariki kwa ajali ya barabarani mwaka 2006.

Je, wajua kwamba jazi ya Ethiopia ilikesha kwa amri ya dikteta?

Ukitaka jazi kwa maana yake kamili katika Afrika Mashariki, nenda Addis Ababa. Mulatu Astatke, aliyesoma Uingereza na Marekani, aliichanganya na mizani za muziki wa kwao katika miaka ya 1960 na kuanza kitu kipya duniani. Kisha, mwaka 1974, wanajeshi wa Derg wakamwondoa Haile Selassie. Ikaja amri ya kutotoka nje usiku. Kwa akili ya kawaida, hapo muziki wa usiku umekufa. Wapenzi wa muziki walitafuta njia: mlango wa ukumbi ulifungwa kabla ya saa ya amri, na waliomo ndani walicheza hadi kulipokucha.

Maneno ya nyimbo yalikaguliwa. Walias Band, pamoja na mpiga kinanda wake Hailu Mergia, walitoa mwaka 1977 sahani ya Tche Belew, yenye muziki wa vyombo vitupu, na Mulatu akishiriki. Ni njia ile ile ya Serumaga: usipotamka, hukukosea neno.

Walias walikwenda Marekani kwa ziara mwaka 1981. Hailu Mergia ni mmoja wa waliobaki. Aliendesha teksi Washington kwa miaka mingi, na kinanda chake alikiweka kwenye buti ya gari ili afanye mazoezi akisubiri abiria uwanja wa ndege. Mwaka 1985 alirekodi kaseti akiwa peke yake, chombo kikuu kikiwa kodiani. Kodiani ya Amin na kodiani ya Hailu Mergia ni chombo kimoja.

Je, wajua kwamba mwana wa Dar es Salaam alikuwa mhudumu katika jumba la starehe Berlin wakati wa Hitler?

Bayume Mohamed Husen alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, mtoto wa askari wa jeshi la kikoloni la Kijerumani, na yeye mwenyewe akachukuliwa vitani akiwa bado mtoto. Karagwe ilikuwa chini ya Wajerumani hao hao hadi mwaka 1916. Husen alikwenda Ujerumani kudai mshahara wake na wa baba yake, hakulipwa, akabaki. Alihudumu Haus Vaterland, jumba maarufu la mikahawa na bendi za dansi, akafundisha Kiswahili, akaigiza kwenye filamu. Oktoba 1935 redio ya Ujerumani ilipiga marufuku jazi, ikiitukana kuwa ni ya watu weusi. Serikali hiyo hiyo baadaye iliunda bendi ya swing kwa siri ya wazi, Charlie and His Orchestra, iwatangazie Waingereza propaganda.

Husen alikamatwa mwaka 1941 kwa kosa la kuwa na uhusiano na mwanamke mzungu. Alifia kambi ya Sachsenhausen mwaka 1944. Mbele ya nyumba aliyoishi Berlin pameandikwa jina lake kwenye jiwe dogo la njia.

Je, wajua kwamba mwimbaji wa Rwanda alihukumiwa Arusha, lakini si kwa wimbo?

Mwaka 1994, wakimbizi wa Rwanda walipomiminika Ngara na Karagwe, nyuma yao kulikuwa na nyimbo za Simon Bikindi zilizopigwa redioni wakati wa mauaji ya kimbari. Alishtakiwa katika Mahakama ya Kimataifa ya Rwanda, Arusha. Mwaka 2008 alihukumiwa miaka 15. Majaji waliona kwamba nyimbo zilichochea chuki, lakini kilichomtia hatiani ni maneno aliyoyatamka kwa kipaza sauti cha gari akiwa barabarani, akiwahimiza watu waue.

Je, wajua kwamba Karagwe ilikuwa na mwimbaji wa kumkabili mfalme kabla ya jazi kuzaliwa?

Novemba 1861 Waingereza Speke na Grant walifika kwa Mukama Rumanyika wa Karagwe, na wote wawili waliandika juu ya muziki waliousikia huko, ngoma na nanga vikiwemo. Nanga ni ubao mrefu uliochimbwa katikati, wenye meno kwenye ncha zake mbili. Uzi mmoja hupitishwa kwenda na kurudi hadi zipatikane nyuzi saba au nane. Kwa Wahaya na Wanyambo mpigaji kwa kawaida ni mwanaume. Ukivuka mto kwenda Ankole unawakuta wanawake wakiipiga.

Profesa Mugyabuso Mulokozi, mwana wa Kagera, alizunguka na kinasa sauti akiwarekodi manguli wa nanga, na mwaka 1986 alikamilisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam tasnifu yake ya uzamivu juu ya tendi hizo. Kazi yake ilisaidia kuuzima ule usemi wa wasomi wa Ulaya kwamba Afrika haina tendi. Na ukizisoma tendi zenyewe, kama ule wa Rukiza, unakuta si sifa za wafalme tu. Wamo mashujaa wanaogombana na watawala, na mpigaji anasimulia ugomvi huo mbele ya hadhira ambayo nayo ina mtawala wake.

Kwa hiyo Kawadwa alipoweka hadithi ya mnyang'anyi wa kiti ndani ya nyimbo, na Misiani alipomficha waziri ndani ya ngozi ya fisi, walikuwa wakifanya kazi ambayo babu mpiga nanga wa Karagwe angeitambua mara moja.

Wapigaji wa nanga wa Karagwe na Kyerwa wanazidi kuwa wachache, na waliokuwa vijana wakati wa Amin sasa ni wazee wa miaka 60 na 70 kwenda juu. Wengi wao wanakumbuka walichokisikia redioni mwaka 1978, nani alivuka Murongo usiku akiwa na gitaa au bila kitu, na wimbo gani uliimbwa kwenye harusi ukiwa na maana mbili. Kama una mzee wa namna hiyo nyumbani, mrekodi kwa simu yako wiki hii, andika jina lake, kijiji chake na tarehe, kisha peleka nakala kwenye redio ya jamii iliyo karibu nawe na nyingine kwenye shule ya sekondari ya kata yako. Kama una kanda ya zamani ya nanga, usiisubiri mvua ijayo iiharibu.